Tadeusz Konwicki: filamu sita, riwaya lundo, na vita ambayo haikumtoka kichwani

Mpenda Sinema (mwanzisha uzi)

Wakuu, habari za jioni.

Humu jukwaani ukitaja sinema ya Polandi watu wanakimbilia majina matatu: Wajda, Kieślowski, Polanski. Sina ugomvi nao. Lakini yupo mmoja ambaye nikimtaja hata wapenzi wa filamu wananikodolea macho, na kwangu ndiye anayekueleza Polandi ya baada ya vita kuliko hao wote. Tadeusz Konwicki. Alianza na riwaya, akaingia kwenye kuongoza filamu, na kwa zaidi ya miaka 30 akawa anazifanya kazi hizo zote mbili.

Hoja yangu ni hii na nitaitetea mpaka uzi ufungwe: Konwicki alikuwa na kisa kimoja tu. Mtu amenusurika, wenzake wamekufa, na sasa anaishi kati ya watu wasiotaka kukumbushwa. Alikiandika, akakipiga picha, akakiandika tena. Wengine wanaliona hilo ni udhaifu. Mimi naona ndiyo sababu ya kumtazama.

Alizaliwa tarehe 22 Juni 1926 Nowa Wilejka, mji mdogo jirani na Wilno. Wakati huo Wilno ilikuwa Polandi. Leo inaitwa Vilnius na ni mji mkuu wa Lithuania. Baba yake alifariki yeye akiwa bado mdogo, akalelewa na ndugu. Eneo lenyewe lilikuwa na Wapolandi, Wayahudi, Walithuania na Wabelarusi, kila mtu na sala yake na lugha yake. Vita ikapita juu yao mara tatu: Wasovieti, Wajerumani, halafu Wasovieti tena.

Mwaka 1944, kijana wa miaka 18, akaingia msituni na Armia Krajowa, lile jeshi la siri lililoitii serikali ya Polandi iliyokuwa uhamishoni London. Wajerumani wakatimuliwa. Jeshi Jekundu lilipofika halikuwapa wale vijana mkono wa pongezi, liliwanyang'anya silaha na kuwakamata. Waliobaki msituni, Konwicki akiwamo, wakajikuta wanapigana na yule aliyekuja kumfukuza adui yao. Mwaka 1945 akavuka kwenda Polandi mpya. Mipaka ilikuwa imesukumwa magharibi, na kwao kukabaki nchi ya watu wengine.

Naendelea, msiweke nukta.

Kiti Moto

Siti ya mbele kabisa. Tiririka mkuu.

Mwana wa Meru

Mkuu kabla hujaendelea. Sisi wa Arusha Wapolandi si wageni kwetu. Pale Tengeru kuna makaburi yao mpaka leo, yanatunzwa vizuri, na misalaba ina majina ambayo ulimi unajikwaa. Wakati wa vita walikaa pale wakimbizi kama 5,000, wengi wao kina mama na watoto. Hao nao si wa upande huohuo wa mashariki?

Mpenda Sinema

Ndiyo hao hao mkuu, umenisaidia sana. Wale wa Tengeru, na wa Masindi na Koja kule Uganda, wengi walitoka majimbo ya mashariki ambayo Stalin aliyachukua mwaka 1939. Wakapakiwa kwenye mabehewa mwaka 1940 na 1941, wakapelekwa Siberia na Kazakhstan, wakatokea Uajemi, na baadhi wakaletwa kwetu. Vita ilipoisha wengi hawakuwa na kwa kurudi, kwa sababu ileile: mji upo, nyumba pengine ipo, nchi ndiyo imehama. Konwicki ni mtoto wa ukanda huo, ila yeye alibaki Ulaya akawa anaandika.

Sasa nakuja kwenye sehemu ngumu.

Alipofika Polandi alisoma kidogo Chuo Kikuu cha Jagiellonian pale Kraków, akapata kazi kwenye jarida la Odrodzenie, na mwaka 1947 akahamia Warsaw. Akaandika riwaya juu ya yale ya msituni, Rojsty, yaani mabwawa. Ni kitabu kichungu, mashujaa wake wananuka jasho na hofu. Mambo ya Armia Krajowa wakati huo yalikuwa mwiko, kwa hiyo kitabu kikakaa mpaka 1956 ndipo kikatoka. Katikati hapo Konwicki akafanya nini? Akajiunga na kwaya. Akaenda Nowa Huta, kile kiwanda kikubwa cha chuma na mji wake vilivyokuwa vikijengwa nje ya Kraków, akashika koleo pamoja na vibarua, na mwaka 1950 akatoa Przy budowie, riwaya ya kusifu ujenzi kwa mtindo uleule alioutaka Stalin. Mwaka 1954 akaja na Władza, maana yake madaraka. Kadi ya chama cha kikomunisti mfukoni.

Kobe Mkongwe

Kwa hiyo alikuwa chawa. Tusizunguke.

Mtu alipigana na Wasovieti msituni, wenzake wakachukuliwa Siberia, miaka mitano baadaye anawaandikia wimbo. Halafu leo tunamfungulia uzi? Kwetu hapa mwandishi akisifia serikali tunamchana, wa Ulaya akisifia mnasema ni "safari ya msanii".

Mama Vitabu

Kobe punguza jazba kaka. Alikuwa na miaka 24. Ametoka kwenye vita, hana kwao, hana baba, na kila ukurasa wa gazeti unamwambia dunia mpya inaanza leo. Vijana wengi wa kizazi chake walimeza. Cha kuuliza ni alifanya nini alipogundua.

Kobe Mkongwe

Dada, miaka 24 mtu ana watoto wawili.

Mpenda Sinema

Kobe, hapo sikupingi moja kwa moja. Nadhani ile aibu ndiyo iliyomfanya awe msanii. Angekuwa msafi tangu mwanzo angeandika vitabu vya mashujaa kama wengine, na leo tusingemjadili. Ukimsoma Konwicki wa baadaye hakuna mahali anajitetea. Kitabu chake cha mwaka 1995 kinaitwa Pamflet na siebie, maana yake ni kijitabu cha kujishambulia mwenyewe. Chama alikitema mwaka 1966, pale mwanafalsafa Leszek Kołakowski alipofukuzwa na waandishi kadhaa wakapinga.

Twende kwenye filamu sasa, maana naona wengine mnapiga miayo.

Mwaka 1956 mambo yalilegea. Stalin keshakufa, mrithi wake Khrushchev keshamchana kwenye hotuba ya faragha, Polandi imepata kiongozi mpya wa chama, Gomułka. Kwenye sinema kulikuwa na utaratibu mpya tangu 1955: badala ya kampuni moja kubwa ya serikali, zikaundwa timu za uzalishaji. Kila timu ilikuwa na kiongozi wake wa kisanii na kiongozi wa fasihi, ambaye kazi yake ilikuwa kutafuta visa, kusoma miswada na kuipigania mbele ya wakubwa. Pesa ni ya serikali, mswada unakaguliwa kabla, filamu inakaguliwa baada. Lakini katikati hapo, ndani ya timu, watu walikuwa wanapumua. Timu ya Kadr iliongozwa na Jerzy Kawalerowicz, na kiongozi wake wa fasihi akawa Konwicki. Filamu za Wajda kama Kanał na Popiół i diament zilitokea Kadr. Eroica ya mwongozaji Munk pia.

Kwa hiyo shule ya filamu ya Łódź hakuisoma. Alijifunza kwa kukaa mezani na miswada ya wenzake.

Nyali Bado

Kutoka Mombasa hapa, nafuatilia. Ndugu, hiyo ya mwandishi kuhamia kamera inanikumbusha Sembène Ousmane wa Senegal. Naye alikuwa mwandishi wa riwaya, akaenda Moscow kusomea filamu akiwa mtu mzima, kwa sababu aliona watu wake wengi hawasomi Kifaransa. Filamu yake ya Mandabi ameitoa kwenye kitabu chake mwenyewe. Huyu wako naye alihama kwa sababu gani? Wapolandi si wanasoma?

Mpenda Sinema

Swali zuri ndugu yangu. Sembène alifuata watu ambao kitabu hakiwafikii. Konwicki wasomaji alikuwa nao tele. Mimi naona alikuwa anayakimbia maneno. Ukishaandika kurasa mia kadhaa za kusifu saruji, sentensi zako mwenyewe zinakutia kinyaa. Angalia filamu yake ya kwanza uone kama nasema uongo.

Ostatni dzień lata, yaani siku ya mwisho ya kiangazi, ya mwaka 1958. Waigizaji wawili tu, Irena Laskowska na Jan Machulski. Mpiga picha Jan Laskowski. Kikosi kizima unakihesabu kwa vidole. Hawakujenga seti wala hawakutafuta umati wa kupita nyuma, walikwenda ufukwe mtupu wa bahari ya Baltiki wakaanza kupiga picha. Mwanamke amejilaza mchangani. Kijana anamzungukazunguka, anaogopa kusogea, anaogopa kuondoka. Wanazungumza kidogo, wananyamaza sana. Vita imeshaisha miaka 13 na hakuna anayeionyesha, lakini kila baada ya muda ndege za kijeshi zinapasua anga juu yao na unaona mwili wa yule mwanamke unavyokumbuka. Analala kifudifudi kabla hajafikiri. Kamera inabaki juu ya mabega yake.

Filamu ina saa moja na dakika chache. Ikachukua tuzo kubwa Venice mwaka huohuo, kwenye tamasha la filamu fupi na za hali halisi. Mwisho wake sisemi, msije mkanilaumu.

Kiti Moto

Saa moja watu wawili ufukweni hawafanyi kitu? Mkuu hapo bia mbili zinahitajika.

Mama Vitabu

Kiti Moto wewe rudi kwenye tamthilia zako za Kituruki, tuache sisi.

Mpenda Sinema

Hahaha, mwache. Kwa ajili yake naleta yenye mfalme na farasi.

Akiwa Kadr aliandika na Kawalerowicz miswada mikubwa miwili. Wa kwanza ni Matka Joanna od Aniołów, filamu ya mwaka 1961: nyumba ya masista, mama mkuu anasemekana kupagawa na mashetani, na padri anatumwa kumtoa. Ilipata tuzo maalumu ya majaji Cannes. Wa pili ni Faraon, filamu ya mwaka 1966, kutoka riwaya ya Bolesław Prus. Misri ya kale, kijana Ramses wa 13 ambaye historia haimjui, anagombana na makuhani kuhusu nani hasa anatawala nchi. Jangwa lenyewe sehemu kubwa ni la Uzbekistan, na baadhi ya picha walizichukua Misri kwenyewe. Ikaingia kwenye kinyang'anyiro cha Oscar ya filamu ya kigeni. Kuna tukio la kupatwa kwa jua ambalo makuhani walilijua mapema wakalitumia kuwatisha watu. Mtazamaji wa Warsaw wa 1966 hakuhitaji kuelezwa makuhani ni akina nani.

Nyali Bado

Na Wamisri wote ni Wapolandi waliopakwa rangi ya shaba. Niliiona hiyo. Nilishindwa kuvumilia nusu saa ya kwanza, halafu siasa yake ikanishika.

Mpenda Sinema

Hilo nalo ni kweli, na halina utetezi. Ndivyo sinema ya enzi ile ilivyokuwa kila mahali.

Sasa nipeni nafasi kwa Salto, maana hii ndiyo roho ya uzi.

Mwaka 1965. Zbigniew Cybulski, yule staa wa Popiół i diament, sura ya kijana wa vita kwa taifa zima, miwani myeusi usoni. Filamu inaanza akiruka kutoka kwenye treni inayotembea. Anaingia kamji kadogo, anawaambia watu kwamba wakati wa vita alijificha hapo, wao hawamkumbuki. Mara jina lake Kowalski, mara Malinowski. Kila mtu anamsimulia kisa kingine. Anatabiri, anaponya, anatishia, anatongoza. Wanamji nao kila mmoja ana uongo wake alioulea miaka 20, kwa hiyo mwongo mmoja zaidi wanampokea kwa mikono miwili. Siku ya sherehe ya mji anawafundisha dansi ya salto, muziki wa Wojciech Kilar: hatua nzito, za kurudiarudia, ukumbi mzima unamfuata kama umelogwa, nyuso hazicheki. Ile dansi ni dakika chache tu lakini hutaisahau. Kisha uongo wake unafumuka na wanamfukuza.

Konwicki alichukua sura ya shujaa wa taifa akaivua nguo mbele ya watu. Na aliyekubali kuvuliwa ni Cybulski mwenyewe, ndiyo maana namheshimu sana. Tarehe 8 Januari 1967, kituo cha reli cha Wrocław, Cybulski alijaribu kudandia treni iliyokuwa imeanza kuondoka, akateleza, akafa. Alikuwa na miaka 39.

Mwana wa Meru

Dah. Mkuu hiyo ya mwisho ni kweli au chumvi?

Mpenda Sinema

Kweli tupu. Wajda mwaka uliofuata akatengeneza filamu nzima kuhusu mwigizaji anayekufa hivyohivyo.

Kabla ya Salto, Konwicki alikuwa ametoa filamu ya Zaduszki ya 1961, ya siku ya kuwakumbuka marehemu. Kwangu ni dhaifu, naipita. Jak daleko stąd, jak blisko ya 1972 inataka uzi wake: mtu wa makamo anatembea ndani ya siku moja ambayo ina maisha yake yote, waliokufa na walio hai wanapishana barabarani bila salamu ya ajabu.

Baada ya hapo serikali na yeye wakachokana. Mwaka 1977 akatoa riwaya ya Kompleks polski bila kibali, kupitia Zapis, jarida la siri lililokuwa likichapwa nje ya macho ya wakaguzi. Mwaka 1979 njia ileile ikatoa Mała apokalipsa. Kobe, hiki kitabu ni chako. Mwandishi mzee, anayejulikana kidogo, kazi zimemwishia. Asubuhi wanamjia wapinzani wawili, rafiki zake, wanamwomba jambo dogo: saa mbili usiku ajimwagie petroli na kujichoma moto mbele ya makao makuu ya chama. Wamemchagua yeye kwa sababu si mkubwa sana kiasi cha kuwa hasara, wala si mdogo kiasi cha kutotambuliwa. Anazunguka Warsaw siku nzima na kidumu cha petroli mkononi, maji yamekatika, daraja linaanguka, na hakuna mwenye uhakika wa tarehe. Anaichana serikali, na wapinzani nao anawachana vilevile. Walikasirika pande zote mbili.

Kobe Mkongwe

Hapo umenipata kidogo. Hiyo ya kumchagua mtu wa daraja la kati afe kwa ajili ya picha nzuri, siasa yetu sote hiyo. Ila bado swali langu lipo. Wale aliowaandikia wimbo 1950, walioumia kwa sababu ya chama kile, nani aliwaomba radhi?

Mpenda Sinema

Hakuna filamu inayoweza kuomba radhi kwa niaba ya mtu, Kobe. Hilo nakuachia.

Namalizia na mbili za mwisho. Dolina Issy ya 1982 ameitoa kwenye riwaya ya Czesław Miłosz, aliyepata Nobel mwaka 1980 na ambaye naye ni wa Lithuania ileile. Halafu Lawa, 1989.

Hii inataka maelezo. Adam Mickiewicz, mshairi mkuu wa Polandi wa karne ya 19, aliandika tamthilia ya Dziady, kuhusu tambiko la vijijini la kuwaita na kuwalisha waliokufa, na kuhusu vijana wa Wilno waliofungwa na dola ya Urusi. Mwishoni mwa 1967 Kazimierz Dejmek aliiweka jukwaani Warsaw, mwigizaji mkuu Gustaw Holoubek. Watazamaji wakawa wanapiga makofi kila Mrusi anapotukanwa. Serikali ikaifunga Januari 1968, wanafunzi wakaandamana, na Machi kukawa na virungu vyuoni, watu kufukuzwa kazi, na kampeni ya chuki iliyowatoa maelfu ya Wayahudi nchini.

Miaka 21 baadaye Konwicki anaitengenezea filamu Dziady hiyohiyo, na anamrudisha Holoubek yuleyule, sasa mtu mzima wa miaka 60 na ushei, nywele nyeupe. Anampa ile hotuba ndefu ambayo mfungwa anamgombeza Mungu. Uso wake umejaa kwenye kioo, sauti haipandi haraka. Anafika pale anapotaka kumwambia Mungu kwamba wewe si baba wa dunia, wewe ni... na hamalizii. Katika tamthilia neno la mwisho analitamka shetani: "Tsari." Na nje ya studio, mwaka huohuo, serikali ya chama ilikuwa imeshashindwa uchaguzi.

Hakuongoza filamu nyingine baada ya hiyo. Alifariki Warsaw tarehe 7 Januari 2015.

Mama Vitabu

Asante kwa uzi, mkuu. Mimi nimewahi kusoma riwaya yake ya Sennik współczesny kwa Kiingereza, iko kwenye ule mfululizo wa vitabu vya Ulaya Mashariki aliousimamia mwandishi wa Marekani Philip Roth. Inaanza na mtu anazinduka baada ya kutaka kujiua, majirani wamemzunguka wanamwangalia. Nilipoona maelezo yako ya Salto nikasema huyu ni yuleyule. Kwa hiyo hoja yako ya kisa kimoja naiunga mkono, ila kwenye vitabu ana ucheshi ambao hujautaja kabisa. Kalendarz i klepsydra nusu yake anamsema paka wake Iwan na kuwateta marafiki.

Mpenda Sinema

Kweli dada, ucheshi nimeudhulumu. Yule paka ana nafasi kubwa kuliko mawaziri.

Kiti Moto

Mkuu kwa sisi wa bia mbili, tuanze na ipi?

Mpenda Sinema

Salto. Ukiipenda, rudi nyuma kwenye ya ufukweni. Faraon inakaribia saa tatu, iweke Jumapili. Lawa iache mpaka umesoma Dziady hata kwa muhtasari, vinginevyo utaona watu wanapiga kelele makaburini tu. Kuna na filamu ya Mała apokalipsa ya mwongozaji Costa-Gavras ya 1993, usianze nayo: kisa kimehamishiwa Paris, mji wenye maji bombani, na yule mzee na kidumu chake anabaki hana pa kwenda nacho.

Kobe Mkongwe

Salto nimeipata, ina maandishi ya Kiingereza. Naitazama kesho nikitoka kazini, nikirudi hapa ujiandae.